Wa Saba, Baada ya Panya

"Dakika mbili," alisema Gundars, msimamizi wa jengo,
macho yamerudi kwenye simu kabla neno halijatua.
Kikao cha wapangaji wa mtaa wa Avotu, Riga, Januari,
nje baridi ya kupasua kope.
Ajenda tisa: lifti, deni la maji,
baiskeli ya mtu inayoziba ngazi, panya.
Mimi nilikuwa wa saba, baada ya panya.

Nilikuwa nimejiandaa.
Ukurasa wa kwanza: Vizma, fundi wa madirisha ya kale,
miaka kumi na tisa ya kubandua rangi juu ya rangi
hadi nikutane na msonobari
uliokatwa kabla bibi yangu hajazaliwa.
Ukurasa wa pili: picha za komeo za shaba.
Wa tatu ndio wenye moyo wangu,
na usiku ule, nikijisomea kitandani,
nilisinzia kwenye wa tatu.

Chema chajiuza, wanasema.
Aliyesema hakuwahi kuwa wa saba.
Hakuwahi kuona watu wakipiga miayo kwa adabu,
mdomo umefungwa, pua zimetanuka,
macho yamelowa kama ya mfiwa.
Chema kimekaa karakana kwangu
kinanukia mafuta ya kitani, hakina mgeni.
Kibaya kilipita juzi na gari jipya,
kikagawa kalamu na kalenda,
kikasema neno moja tu, "Plastiki,"
kikaondoka na sahihi kumi na nne.

Basi nikaacha makaratasi kwenye begi.
Nikaenda dirishani, dirisha lao wenyewe,
plastiki ya miaka sita, nyeupe kama meno ya bandia,
nikawasha njiti ya kiberiti,
nikaishika pale fremu inapopakana na ukuta,
nikanyamaza.

Mwali ukainama.
Kwanza kama anayeamkia wakubwa,
kisha kama anayetafuta sarafu sakafuni,
kisha ukalala, wa buluu, ukafa.
Uzi wa moshi ukavuka meza
ukamfikia Gundars shingoni.
Akapandisha kola.

Ndipo nikasema. Nilizihesabu baadaye, sentensi tatu:
"Huo ni upepo wa mto Daugava.
Kila mwezi mnalipa kuupasha moto.
Mimi hufunga hapo."

Hakuna aliyepiga makofi.
Ila Austra, bibi wa ghorofa ya nne,
aliyekuwa akifuma soksi tangu ajenda ya kwanza,
alisimamisha sindano.
"Washa nyingine."
Nikawasha.
"Sasa kule kwenye kona."
Kijana mmoja akachomoa kitu sikioni.
Mtu akaniomba kiberiti, mtu akamnyang'anya,
wakazunguka chumba wameinama, watu wazima,
wakikinga viganja kama wezi wa usiku,
na dakika mbili zikawa ishirini na tano,
na mwenye baiskeli akasahauliwa, akashukuru Mungu.

Ningependa kusema nilipata madirisha yote themanini.
Nilipata moja.
La jikoni kwa Austra, kwa nusu bei,
na chai, na kidole gumba kilichoungua
ambacho hakikuandikwa kwenye risiti.
Gundars alisema watafikiria.
Alisema hivyo akitikisa kiberiti changu,
akakitia mfukoni mwake.

Ukurasa wa tatu ninao bado.
Nilimsomea dirisha la Austra siku nzima nikikwangua:
jinsi mti unavyokumbuka upande uliokuwa na jua,
jinsi kioo cha zamani kinavyotikisa theluji inayoanguka,
kwa nini sikuchukua kazi benki.
Nilisoma bila haraka, neno kwa neno.
Jioni nikalegeza bawaba ya mwisho,
na lenyewe, pole pole,
dirisha likapiga miayo.